Nani alimufungulia mulango?

(Maneno ya muzee moja kwa batoto ba kijiji benye banakaa Lubumbashi, siku ya mungu kisha misa, mu parsele moja ya Katuba. Yameandikwa vile yalisemwa.)

Bamama, bababa, bayaya na badogo, na ninyi vijana benye mumesimama kule ku mulango juu ya kukosa biti, mujambo yenu. Presida wa mutualite, chama yetu ya bantu ba kijiji, ameniambia niseme kidogo tu kisha niache bantu bakunywe munkoyo yabo. Nitajaribu, lakini mwenye ananijua anajua kama sina ile zawadi.

Tuko hapa juu ya muntu moja. Tangu juma yenye imepita telefone hazilale, odio zinapita mu grupe ya kijiji usiku na muchana, moja ni ya mama analia, ingine ya kijana anatukana, na mi nimezisikiliza zote juu nimezeeka sina kazi. Basi niweke bintu sawa vile binasemwa. Muntu alifika kwetu kijijini na manseba, taksi ya pikipiki, jua ikiwa inalala, nyuma ya ile pikipiki bamefunga mifuko mbili na sanduku ya chuma. Hakupita ku insaka, baraza ya kijiji, kusalimia bazee. Aliingia moja kwa moja mu nyumba ya marehemu mwalimu, ile yenye hakuna mwenye alilalaka ndani tangu mazishi. Ukimuletea bukari na samaki anapokea, anasema asante, lakini hakuna mwenye alimuonaka akikula. Usiku taa inaonekana kule ku dembo, ile bonde ya mayi, inaenda inarudi. Asubuhi moja mutoto mwenye alienda kuchota mayi alimukuta ananawa mikono na ile mayi ilikuwa nyekundu. Na tena mbwa hazimulilie.

Hii ya mbwa mi nilicheka. Mbwa za kwetu ukizitupia kichwa ya samaki hazitalia hata shetani akipita na familia yake yote.

Kisha mu odio moja, sitasema ya nani, ile neno ikatoka: mutumbula. Toka pale mambo ikabadilika. Vijana bamechanga falanga ya bisi juu ya kuenda kijijini siku ya posho, ni kusema jumamosi, sawa, lakini mi nimeangalia liste ya matumizi na ndani kuko bidon ya esanse, petroli, na ile bisi yenye mumekodi inatumikisha mazutu, dizeli. Mi nilikaa na makanisie ba motokari miaka mingi, musinidanganye. Ile esanse ni ya nini? Mama moja kule mbele anainamisha kichwa, basi bote tunajua ni ya nini.

Sasa musingoje niseme mutumbula ni ujinga ya bantu ba pori, juu sitasema. Hapa hapa mu mji, zama za Babeleji, wakati bado iko Elisabethville, bazee betu balikuwa banafunga mulango mapema juu ya batumbula. Balisema banakukamata mu njia usiku, banakuficha, banakunenepesha, kisha bazungu banakukula. Kambo yangu alifanyaka kazi ku fonderie, kule banayeyushaka shaba, hakuogopa moto wala muzungu mwenye fimbo, lakini giza ikiingia hauwezi kumutuma hata dukani. Lakini musikilize vizuri ile hadisi, juu sisi tunashika paka sehemu ya kuogopesha tunaacha sehemu ya akili. Mwenye alikuwa anatembea usiku na kamba hakuwa muzungu. Muzungu alikuwa anangoja mu nyumba yake. Mwenye alitembea alikuwa muntu mweusi, wa hapa, anajua jina yako, anajua njia gani unapitaka ukitoka kazi. Yeye njo balimuita mutumbula.

Na hawakuokota ile hadisi mu hewa. Union Minière, kampani ya migodi ya Babeleji, ilizaliwa 1906, treni kutoka kusini ilifika hapa 1910, na mwaka ile ile bakaunda Bourse du Travail du Katanga, kazi yake kutafuta bantu mu bijiji na kubaleta ku migodi. Munafikiri muzungu wa ofisi alijua mu kijiji fulani kijana gani eko na mikono ya nguvu, na kijana gani baba yake alikufa, hata akibebwa hakuna mwenye atapiga kelele? Hakujua. Mwenye alijua ni shefu, ao mudogo wa shefu, ao kapita, musimamizi wa kazi, na yeye alipata kintu kidogo juu ya kila kichwa. Mara mingi alitoa bale benye hawakukuwa na muntu wa kubatetea. Bengine balikufa kule na ugonjwa na ajali, hawakurudi, hata maiti haikurudi. Sasa wewe mama uko kijijini, mutoto wako amebebwa, unasikia kule bamemupeleka kuko moto na moshi muchana na usiku, miaka inapita, hauoni muntu. Utasema banamukula. Mi sioni kama aliongopa sana.

Lakini juu ya nini niende mbali vile, tuongee mukula, ule muti, juu mu hii parsele hakuna mukubwa mwenye hakuona ile mambo na macho yake. Kati ya 2014 na 2017, njia yote ya Kasenga, Kasomeno, mupaka kule Sakania, pori ilikuwa inalia tronsoneze, mashini za kukata miti. Lakini mbele ya tronsoneze kuya, kwetu kulikuya muntu. Munamukumbuka? Muntu mupole, na kinga, ni kusema baiskeli, na sapato za plastiki, alisema anatafuta asali. Bantu bakamuuzia asali. Kila asubuhi anaingia mu pori na panga, jioni anarudi na vidole nyekundu, shati nyekundu ku mikono, na bamama bakaanza kuhesabu batoto mbele ya kulala. Bale benye hawajui, mukula ukiukata ngozi unatoa mayi nyekundu kabisa, inashuka ku muti sawa damu, njo maana kambo zetu bakike balikuwa banatumikisha ile rangi mu dawa na mu mambo za kimila. Kila muntu wa kwetu anajua mukula. Lakini mugeni akiwa na damu ku mikono hakuna mwenye anafikiri muti.

Wakati ile pia ile neno ilitoka. Kijiji kizima kikakaa kinaangalia mikono ya ule muntu, anagusa nini, anashika mutoto wa nani, bengine hawakutaka kupokea falanga kutoka ku mikono yake, anaweka chini banaokota na kijiti. Na wakati bote tuko tunaangalia mikono, hakuna hata moja mwenye aliangalia kinga! Ile kinga ilikuwa ya nani? Ilikuwa inabebaka makala kupeleka Kasenga mbele ule mugeni afike, gadiboo ya nyuma imevunjika bamefunga na kauchu, bote tulikuwa tunaijua. Mwenye alimukopesha kinga njo mwenye alimuonyesha miti iko wapi. Na njo mwenye aliweka jina yake ku karatasi.

Hapa vijana ba droit banisaidie kama nimekosa. Sheria yetu ya pori ni ya 2002, na permi ya kukata miti ya artizana inapewa Mukongomani. Mugeni wa inje hana haki ya kuipata na jina yake. Hata akuye na dola mingi namna gani, atatafuta kwanza muntu wa kwetu, mwenye atamukopesha jina, atamukopesha kitambulisho, atasema hii ni kazi yangu na hii ni pori ya bakambo yangu. Sheria yenyewe inamulazimisha atafute mulango. Na mulango haijifungule yenyewe.

Munajua yenye ilifuata. Makamyo ikaingia, bachina bakaonekana, shefu akafunika nyumba na manjanja, mabati mupya, vijana bakapata falanga ya kukata muti moja yenye haingetosha kununua mufuko ya semeti, na mukula ikaenda kule Asia kutengeneza biti na makabati ya batajiri. Mu 2017 Zambia ikafunga makamyo mingi ya miti yenye ilitoka huku kwetu, mashofere bakalala mu njia majuma na majuma. Mu 2019 kule Geneva, mu mukutano wa CITES, ile mapatano ya inchi mingi ya kuchunga biashara ya nyama na miti ya pori, mukula ikaingia mu liste ya miti yenye biashara yake inachungwa mu dunia yote. Sawa, tunashukuru. Kwetu mu 2019 ilikuwa imebaki bisiki.

Na ule wa asali? Hakuna mwenye alimugusa. Aliondoka mwenyewe, na ile kinga alirudisha.

Hii ya kutokula mbele ya bantu imenipeleka mbali zaidi, kule kwa Baluba, na benye beko Baluba hapa bataniongezea. Nkongolo Mwamba alikuwa mufalme, mukali, mulevi, anakula na anakunywa mbele ya bantu bote. Kukakuya muwindaji kutoka mashariki, Mbidi Kiluwe. Hakuna mwenye alijua kwabo. Bakamuletea chakula, akakataa kukula mbele ya macho ya bantu, akataka kufichwa. Nkongolo akashangaa, kisha akakasirika, kijiji yote inaongea tu vile mugeni anakula ao hakuli, meno yake iko namna gani, anachekaka ao hachekake. Na wakati banaongea meno, Mbidi alikuwa ameoa dada za Nkongolo, Bulanda na Mabela. Nani alibatoa? Nkongolo mwenyewe. Bulanda akazaa Kalala Ilunga, na ule mutoto njo alikuya kumuangusha mujomba wake na kuanzisha ufalme yenye tunasoma mu bitabu. Nkongolo alijaribu kumumaliza, akachimba shimo, akasimika mikuki ndani, akatandika mukeka juu, akamuita mutoto akuye kucheza ngoma pale. Mupiga ngoma akamujulisha na midundo kama kuko hatari, mutoto akakimbia. Mi napendaka ule mupiga ngoma sana. Hakushika mukuki, hakutukana muntu, alisema tu yenye alijua, na alisema wakati ilikuwa ingali na faida.

Msiri, mufalme wa Bunkeya, nitapita mbio, bengi munajua. Alitoka kule Unyamwezi, upande ya Tabora, na misafara ya shaba na pembe, akafika kwa Basanga, na bachefu ba hapa bakamupokea juu alikuwa na bunduki na bao balikuwa na shida na Baluba. Balimuita juu ya shida ya juma moja, akakaa maisha yake yote, akajenga Bunkeya. Kisha naye akapokea bageni: mumisionere Arnot alifika 1886, akafuatiwa na bengine. Wakati Kapiteni Stairs alifika 1891 na bendera ya Leopold, mufalme wa Babeleji, Basanga balikuwa bameasi, mambo ya Msiri ilikuwa imelegea kila upande, na siku ya 20 mwezi wa 12 Msiri akapigwa risasi na Bodson, moja wa bantu ba Stairs, na Bodson naye akafa pale pale. Mwenye alikuya mugeni akafa mu mikono ya bageni. Lakini kila mara, angalia, kuko muntu wa ndani mwenye alikuwa na sababu yake.

Njo maana siogopi sana muntu mwenye nyumba yake munataka kuenda kuchoma. Naogopa zaidi kama mutamuchoma.

Mu 2017 Malawi, kule Mulanje na Phalombe, bantu balisema kuko banyonya damu usiku. Vijana bakafunga njia na miti, bakakamata bantu, bakapiga, bakaua. Umoja wa Mataifa ikaondoa bafanyakazi wake kule. Hata nyonya damu moja hakuonekana, lakini maiti ilionekana. Malawi haiko mbali, ni kuvuka Zambia tu, bantu kama sisi, banakula bukari kama sisi. Na ukisha kuchoma muntu, ile yenye ulitaka kujua imechomeka pia, mwenye alimuleta anasimama nyuma yenu analia zaidi ya bote na anasema hee, kweli alikuwa mutumbula. Usiku ile atalala vizuri.

Mi sijui ule muntu ni nani. Mayi nyekundu inaweza kutoka ku mukula, juu bisiki bimeanza kuota tena na kuko bantu benye banajua bei. Inaweza kutoka ku udongo, udongo ya kwetu ni nyekundu na muntu mwenye anachimba ku dembo na taa usiku anatafuta kintu mu udongo, ile haihitaji mulozi kuieleza. Ao inaweza kutoka mu kifua yake. Ndiyo, muko munaniangalia. Muntu anakohoa damu, amekimbia kwabo juu ya haya, anakula peke yake juu hataki kuambukiza batoto ba bengine, na sisi tunamuletea esanse. Hii tatu zote zinaweza kuwa, na kila moja inataka jibu yake.

Basi vile tutafanya. Ile bidon ya esanse inabaki huku, presida ataiuza na falanga inaingia mu kase. Bisi inaenda, sijakataa. Kwanza tunafikia kwa shefu wa lokalite, hatupite nyumba ya marehemu hata kwa kuangalia, na tunamuuliza: huyu muntu alijiandikisha? Karatasi yake uliona? Alikupa nini? Na ile ya kupewa, shefu akikasirika, tutajua.

Ya pili ni ya ninyi benye telefone kubwa. Cadastre Minier, ofisi ya serikali ya permi za migodi, eko na karte yenye inaonyesha kila permi ya migodi mu inchi, iko mu intaneti, haiombi falanga kuiangalia. Kare moja, kipimo ya ile karte, ni karibu ektari 85, ina maana kijiji yetu na dembo yetu na makaburi yetu binaweza kuingia mu kare kidogo sana ya muntu mwenye hatujawahi kumuona. Kesho jioni nataka mutu aniambie kama udongo yetu iko ndani ya permi, na kama iko, jina gani. Juu kama ni migodi, sheria ya migodi ya 2018 imekata vizuri, asilimia 15 ya redevanse, falanga yenye kampani inalipa juu ya madini, inaenda ku chefferie ao sekta, na kampani inapaswa kuandika kayeye ya sharji, karatasi ya ahadi zake, na bantu ba pale, kuandika pamoja, mbele ya bantu bote, haiko mu nyumba ya marehemu na usiku. Na kama ni mutu wa kuchimba na mikono, karte ya kreza inapewa Mukongomani, ina maana tena kuko jina ya muntu wa kwetu.

Ya tatu ni nyumba. Marehemu mwalimu alifunga ile nyumba na kadena, mi nilikuwa pale siku ya mazishi, niliona familia ikifunga. Mulango haikuvunjwa, odio zote zimesema mugeni aliingia moja kwa moja. Ufunguo ulikuwa kwa nani? Bengi humu ndani munajua, na ndugu za mwenye ufunguo beko humu ndani, bamechanga hata falanga ya bisi, nimeona majina. Sitayataja. Pengine walipangisha tu juu ya kulipa masomo, haiko zambi, nyumba ni yabo. Lakini kama mulipangisha mugeni, mwenye nyumba njo anapaswa kumupeleka ku insaka, kumusimamisha mbele ya bazee, kusema huyu ni mugeni wangu, akikosa muniulize mimi. Ile desturi haikukuwa juu ya kumuheshimia mugeni tu, ilikuwa juu ya kijiji ijue itamushika nani. Muliiacha. Mulichukua falanga ya nyumba mukakaa kimya, kisha mugeni akaanza kuitwa mutumbula na mukaendelea kukaa kimya.

Nitakaa pale chini ya muembe mupaka munkoyo iishe. Mwenye anataka kuniambia aniambie pale, hata mu sikio, sitapandisha sauti. Kama hadi usiku hakuna mwenye amekuya, siku ya posho ile swali nitaiuliza kijijini, ku insaka, mbele ya bote.

Bisi inatoka saa kumi na mbili ya asubuhi. Vijana kumi tu, na bamama batano, juu bamama banaona bintu. Mama infirmie wa Kisanga, nakuomba uende na sisi na dawa zako, tutakulipia pale umepoteza kazi. Katibu, andika majina.